MWANA WA MOMBASA ALIYEIPA SINEMA SAUTI YA NYATITI

Burnt Forest ni mji mdogo wa njiani, baina ya Nakuru na Eldoret, na mtu wa pwani apitaye hapo alfajiri hutafuta koti kabla ya kutafuta chai. Ni nchi ya mahindi, ya viazi na ya maziwa. Ni nchi pia iliyoona msiba. Mwaka 1992, na tena mwanzoni mwa 2008 baada ya uchaguzi, nyumba zilichomwa katika pande hizi na watu wakakimbia na watoto mgongoni. Miongoni mwa waliokimbia eneo la Eldoret mwaka huo wa 2008 alikuwamo mzee mmoja ambaye dunia ilikwisha mjua. Huyo ni Mzee Kimani Maruge, aliyeingia darasa la kwanza katika shule ya msingi ya Kapkenduiywo, Eldoret, mwaka 2004, akiwa na umri wa miaka 84.

Mzee Maruge alifariki mwaka 2009. Mwaka uliofuata kisa chake kikatolewa sinema, nayo yaitwa The First Grader. Aliyemwigiza mzee ni Mkenya, Bwana Oliver Litondo. Nchi ionekanayo ni ya Kenya, na msiba usimuliwao ni wa Kenya. Lakini muziki umwambiao mtazamaji hapa alie na hapa atabasamu ulitungwa na Mwingereza, Bwana Alex Heffes, yule yule aliyetunga muziki wa The Last King of Scotland, sinema ya mwaka 2006 juu ya Idi Amin.

Hatusemi kwamba Bwana Heffes alikosea. Kazi yake ni nzuri na imesifiwa na wajuzi. Swali letu ni jingine: kwa nini kila nchi yetu inapopelekwa kwenye sinema, sura huwa yetu na sauti huwa ya mwenziwe?

KAZI YA MTUNZI

Wengi wetu tulipokuwa tukitoka sinema za Mombasa, Lamu au Unguja tulikuwa na nyimbo vinywani. Tulimjua mwigizaji, tukamjua na mwimbaji. Mtunzi wa muziki ni nadra kumtaja. Hata hivyo yeye ndiye mpishi atiaye chumvi. Aghalabu huletewa sinema ikiwa imekwisha pigwa na kukatwa, akahesabiwa dakika na sekunde, akaambiwa: hapa mtoto anafiwa na mamake, tupe kitu. Akitia kidogo, chakula hakina ladha, na akizidisha hakiliki. Mtazamaji hatambui kwamba moyo wake umeshikwa mkono na kuongozwa.

Sasa tazama sinema mbili mashuhuri zilizopigwa Kenya. Ya kwanza ni Born Free ya mwaka 1966, kisa cha simba jike Elsa. Ya pili ni Out of Africa ya mwaka 1985, kisa cha bibi wa Kidenmarki na shamba lake la kahawa chini ya milima ya Ngong. Muziki wa zote mbili ni wa mtunzi mmoja, Mwingereza hayati John Barry. Born Free ilimpatia tuzo mbili za Oscar, na Out of Africa ikampa nyingine. Fidla zake ni tamu, zapanda na kushuka kama ndege arukaye juu ya bonde. Ila ukifumba macho, wasikia Ulaya ikiitamani Afrika, wala husikii Afrika ikisema.

MTUMISHI KATIKA OUT OF AFRICA

Katika sinema hiyo ya 1985 yumo kijana mmoja wa Kenya aliyepewa nafasi ndogo. Ni Kanuthia, mtumishi wa Denys Finch Hatton, yule mwindaji aliyeigizwa na Robert Redford. Katika majina yapitayo mwisho wa sinema, kijana huyo ameandikwa Job Seda.

Job Seda hakuwa mwigizaji tu. Alikuwa mwanamuziki, tena wa nyumba ya muziki. Alizaliwa Mombasa mwaka 1956, wazazi wake wakiwa Wajaluo na wapenzi wa ngoma za kwao. Akiwa mdogo walimchukua hadi Marekani, na huko wazazi waliwapigia Wamarekani muziki wa Kijaluo. Hivyo mtoto huyu aliona mapema kwamba kitu cha nyumbani chaweza kusimama mbele ya wageni bila ya kuomba radhi.

Aliporudi Kenya na kukua, aliingia katika bendi ya Black Savage, moja ya bendi za vijana wa Nairobi katika miaka ya 1970. Kisha, mwaka 1979, alikuwa miongoni mwa walioanzisha bendi ya African Heritage, iliyochukua jina la jumba la sanaa la Nairobi lililojengwa na Bwana Joseph Murumbi, aliyepata kuwa Makamu wa Rais, pamoja na Bwana Alan Donovan. Bendi hiyo ilichanganya magitaa ya umeme na ala za asili. Wakati ule vijana wengi wa mjini waliona nyatiti kuwa kitu cha wazee wa matanga na pombe ya kienyeji, na kuipandisha jukwaani Nairobi ilikuwa kujitia katika kuchekwa.

Nyatiti ni ala ya nyuzi 8. Mpigaji huketi kwenye kigoda kifupi, ala ikiwa ubavuni mwake, njuga mguuni, na pete ya chuma katika kidole cha mguu ambayo kwayo hugonga mti wa ala ili apate mdundo. Mtu mmoja huwa bendi nzima. Si ala ya peke yake duniani. Wakalenjin, wenyeji wa pande hizi za Eldoret, wana nduguye waiitao chepkong'o, na Wakisii wana obokano. Nasi watu wa pwani tuliosafiri Ghuba twaijua tambura, iliyovuka bahari na watu wa Sudan na Nubia hadi Basra na Oman. Ukoo ni mmoja, ila watoto wametawanyika.

NJIA YA CHINI YA ARDHI

Mwaka 1986 Job Seda alichukua nyatiti yake akaenda London. Hakupokewa na mtu. Alipiga katika vituo vya treni za chini ya ardhi, kofia mbele yake, wapita njia wakitupa sarafu. Huko ndiko alikosikiwa na watu wa muziki, na mwaka 1988 alikuwa jukwaani katika tamasha la WOMAD, ambalo mmoja wa waanzilishi wake ni mwanamuziki Peter Gabriel. Kwa wakati huu dunia ilimjua kwa jina la Ayub Ogada.

Msomaji wetu hahitaji kuelezwa kwamba Job wa Waingereza ndiye Ayub wetu, Nabii wa subira, amani iwe juu yake. Jina lilimfaa mtu huyu. Santuri yake kubwa, En Mana Kuoyo, ilitolewa mwaka 1993 na kampuni ya Real World. Maana ya maneno hayo kwa Kiswahili ni kwamba huo ni mchanga tu. Ndani yake hamna kelele. Mna nyatiti, sauti moja nyembamba yenye huzuni tulivu, na ngoma kidogo. Humo umo wimbo Kothbiro, yaani mvua inakuja, ambamo watoto wanaambiwa warejeshe ng'ombe nyumbani kabla mbingu hazijafunguka.

Wimbo huo haukuwa mpya. Black Savage walikwisha upiga Nairobi miaka mingi nyuma. Ila sasa ulikuwa umevuliwa nguo zote za bendi, umebaki mifupa na roho.

Mwaka 2005 ikatoka sinema The Constant Gardener, iliyotokana na kitabu cha John le Carré, ikaongozwa na Mbrazili Fernando Meirelles, na sehemu kubwa ikapigwa Kenya, Kibera na kandokando ya ziwa Turkana. Kisa ni cha makampuni ya madawa yanayowajaribia maskini dawa zao. Mtunzi aliyepewa kazi ni Mhispania, Bwana Alberto Iglesias. Lakini yeye hakuziba masikio. Ndani ya muziki wake aliingiza nyatiti na sauti ya Ayub Ogada, na Kothbiro ikasikika ulimwengu mzima. Watu wasiojua neno moja la Kijaluo walitoka majumba ya sinema wakiuliza: ni nani yule aliyeimba?

Miaka 20 ilikuwa imepita. Yule aliyemtumikia mzungu katika Out of Africa huku fidla za Barry zikiimba juu ya kichwa chake, sasa haonekani kabisa katika sinema, ila ndiye anayesikika.

Hata hivyo tupime kwa haki. Iglesias ndiye aliyeandikwa mtunzi, na ndiye aliyetajwa kugombea Oscar. Ogada alikuwa mgeni mheshimiwa katika nyumba ya mwenziwe. Kuimba wimbo ndani ya sinema ni jambo moja. Kuketi katika kiti cha mtunzi, ukaamua sinema nzima isikike vipi, ni jambo jingine. Ili tuone kiti hicho kinavyokaliwa, natusafiri mpaka Japani.

UDI NA BIWA, WATOTO WA AMU

Kabla ya kumtaja mtu, tutaje ala. Uajemi wa kale kulikuwa na ala ya nyuzi iitwayo barbat. Ilikwenda magharibi, ikawa udi wa Waarabu, huu tuujuao sisi mikononi mwa mafundi kama hayati Zein l'Abdin wa Lamu. Ilikwenda mashariki kwa njia za misafara, ikawa pipa ya Wachina, kisha ikavuka bahari ikawa biwa ya Wajapani. Biwa ina tumbo la umbo la lozi na shingo fupi, kama udi. Risha yake ni pana kama kikwaruzo, na ikigonga nyuzi hutoa mlio wa mkwaruzo kama upanga utokao alani. Basi udi wa Lamu na biwa ya Tokyo ni watoto wa amu.

Zamani biwa ilipigwa na vipofu waliosimulia vita vya koo kubwa za Japani kwa mashairi marefu, mambo ambayo pwani yetu iliyowasikiliza wasomaji wa tenzi usiku kucha haiyashangai. Kisha ikaja zama ya mashine na shule za Kizungu, na vijana wakaiona biwa kuwa ya kizamani.

Mmoja wa vijana hao alikuwa Toru Takemitsu, aliyezaliwa Tokyo mwaka 1930. Mwaka 1944, akiwa na miaka 14, alipelekwa kufanya kazi za jeshi milimani. Muziki wa adui ulikuwa haramu. Siku moja akasikia santuri ya wimbo wa Kifaransa ikipigwa kwa siri, na hapo akaonja kitu ambacho hakukisahau. Vita vilipokwisha alipatwa na maradhi ya muda mrefu, akawa kitandani akisikiliza radio ya majeshi ya Marekani. Chuo cha muziki hakukitegemea. Alijifunza mwenyewe. Muziki wa kwao hakutaka kuusikia, kwa kuwa ulimkumbusha vita na kiburi cha wakubwa wa vita.

Riziki yake aliipata katika sinema. Alianza kwa kumsaidia mtunzi Fumio Hayasaka, mwenye muziki wa Seven Samurai ya mwaka 1954. Hayasaka alipofariki, Takemitsu alimtungia kazi ya maombolezo mwaka 1957. Miaka miwili baadaye mtunzi mkubwa Igor Stravinsky, akiwa ziarani Tokyo, akaisikia kwa bahati, akaisifu. Toka hapo jina likavuka bahari.

Lakini geuko lenyewe lilikuja aliposikia muziki wa michezo ya sanamu ya kale ya Kijapani, akashtuka kwamba kitu hiki alikuwa nacho nyumbani siku zote. Mwaka 1962, katika sinema Harakiri ya mwongozaji Masaki Kobayashi, akaipa biwa nafasi ya mbele. Mwaka 1964 wakatoa Kwaidan, mkusanyiko wa hadithi za mizimu. Hadithi moja ni ya Hoichi, kipofu mpiga biwa, ambaye usiku huchukuliwa na mizimu ya wapiganaji waliokufa ili awasimulie vita vyao wenyewe. Ili kumkinga, makasisi wanamwandika maneno matakatifu mwili mzima, kama nasi tujuavyo hirizi na kombe, ila wanasahau masikio. Mzimu unapokuja hauoni kitu ila masikio mawili, ukayang'oa. Aliyekuwa akiipiga biwa nyuma ya sinema hiyo ni fundi Bibi Kinshi Tsuruta. Bibi huyo pamoja na mpiga filimbi ya mwanzi, Katsuya Yokoyama, ndio Takemitsu aliokwenda nao New York mwaka 1967, wakakaa mbele ya okestra kubwa ya mji ule kwa kazi yake November Steps. Okestra haikuifunika biwa. Ilibidi inyamaze na kuisubiri.

Takemitsu alitunga muziki wa sinema karibu 100 kabla ya kufariki mwaka 1996. Kubwa kuliko zote machoni pa wengi ni Ran ya Akira Kurosawa. Mna vita vya kutisha humo, ngome ikiwaka moto, lakini husikii panga wala vilio. Wasikia muziki wa huzuni peke yake, kana kwamba mbingu ndiyo inayotazama na kulia, hata mlio mmoja wa bunduki unapokatiza yote. Kurosawa alitaka muziki unaofanana na wa Mahler wa Ulaya, nao wakavutana vikali. Lakini mtunzi alikuwa na sauti ya kuvutania. Na Ran ilitoka mwaka 1985, mwaka ule ule wa Out of Africa. Mwaka mmoja, Mjapani anabishana na mwongozaji mkuu wa nchi yake juu ya muziki, na mpiga nyatiti wa Kenya anacheza mtumishi.

TOFAUTI ILIPO

Je, Takemitsu alikuwa na kipaji kumshinda Ogada? Hilo si la kupimwa kwa mizani. Tofauti ilikuwa nyuma yao. Japani ilikuwa na makampuni yake ya sinema, waongozaji wake, na watazamaji wake waliolipa tikiti kuona visa vyao. Mtunzi alipata kazi, akakosea, akajifunza, akarudia mara 100. Ogada hakuwa na kiwanda cha sinema cha kumwita asubuhi kazini. Alikuwa na vituo vya treni.

Na ala isipopata wenyewe, hupata wengine. Mwaka 2005, mwaka ule ule wa Kothbiro katika sinema, Mjapani Eriko Mukoyama alikuja kuishi kijijini Siaya akajifunza nyatiti kwa mzee Okumu K'Orengo, ingawa ala hiyo kwa mila ilikuwa ya wanaume. Leo ajulikana kwa jina la Anyango, na ameipiga Japani na kwingineko. Twampongeza. Aliyefunga safari toka Tokyo kuketi kwenye kigoda cha Siaya ameonyesha heshima ambayo baadhi ya watoto wetu hawakuionyesha.

Jambo jingine ni haki ya jina. Mwaka 2018 Mmarekani Kanye West alitoa wimbo Yikes, akitumia kipande cha Kothbiro ile ya zamani ya Black Savage. Katika orodha ya watunzi waliandikwa James Mbarack Achieng na Ayub Ogada. Kumbe wimbo uliopigwa Nairobi na vijana wasiojua mbele wala nyuma waweza kudai haki yake miaka 40 baadaye, mradi majina yaliandikwa. Wangapi katika waimbaji wetu wa pwani, wa Lamu, Mombasa, Tanga na Unguja, walirekodi kwa fedha ya nauli wakaenda zao bila karatasi mkononi?

KITI KIKO WAZI

Ayub Ogada alirejea kwao, akaishi Nyahera karibu na Kisumu, na huko akafariki mwezi Februari 2019. Siku zake za mwisho hakuwa tajiri wa majumba. Aliacha sauti.

Nasi tumebaki na nini? Tangu 1998 Zanzibar ina tamasha lake la sinema. Mji Mkongwe ulipata chuo cha muziki wa nchi za jahazi, ambako vijana wa kike na wa kiume wamefundishwa udi, kanuni na fidla. Mwaka 2021 kitabu cha Adam Shafi, Vuta N'Kuvute, kiligeuzwa sinema na mwongozaji Amil Shivji, na humo yumo Siti Amina, mwimbaji wa taarab na mpiga udi wa Zanzibar. Dalili ziko.

Wanavyuoni wetu wana maneno yao juu ya ala, na kila mmoja ataishi na fatwa aliyoiridhia. Lakini hata asiyegusa udi atakubali kwamba mwenye kusimuliwa ana haki ya kusikika. Sinema juu yetu zitaendelea kupigwa, za mashamba ya Burnt Forest na za majahazi ya Lamu, za furaha na za misiba. Watengenezaji wamwite fundi wa udi au wa nyatiti mapema, kisa kikiwa bado kwenye karatasi, wasimngoje mwisho kama pambo. Mafundi nao watie saini mikataba wanayoielewa, na majina yao yaandikwe. Na vijana wanaotunga kwa mashine za kompyuta wakakae miguuni mwa wazee wachache waliobaki, kabla mzee hajaondoka na nyuzi zake.

Mvua ilikwisha tangazwa na Ogada. Kazi iliyobaki ni yetu, kukinga mitungi.